Uzi Mweupe wa Panya wa Wusi

Nilipomwomba mama asiue panya, aliacha kukamua ng'ombe akanigeukia.

"Kukaa bila kazi kumeanza kukuharibu akili," alisema.

Kazi nilikuwa nimeipata, na ndiyo iliyonipeleka zizini asubuhi ile na ombi kama hilo. Tangu nimalize chuo nilikuwa nimekaa nyumbani Wusi, nalima kabichi kwenye matuta ya baba, shahada yangu ya biolojia ikiwa kwenye bahasha juu ya kabati. Kisha akaja daktari mmoja anayetafiti wanyama wadogo, mwanamke mzaliwa wa Taveta anayefundisha chuo kikuu, akitafuta msaidizi anayeijua milima na asiyeogopa mikia. Alikuwa na swali moja. Juu ya vilima vyetu kumebaki vipande vya msitu, kimoja huku, kingine kule, na katikati ni mashamba. Ndani ya vipande hivyo wanaishi panya wenye manyoya laini, wasiopenda mwangaza wala makelele ya watu. Je, panya hao huwahi kuteremka wakapita mashambani, au kila ukoo umefungiwa msituni kwake na utaisha humo humo?

Kwa macho huwezi kujua. Panya mchanga wa msituni na panya wa kawaida wa shambani wanafanana sana, hata daktari mwenyewe alisema hawezi kuapa. Jibu lilikuwa ndani ya DNA yao, na mimi ndiye niliyepewa kazi ya kwenda kuitoa.

"Sasa mahindi yangu yakiliwa?" mama aliuliza.

"Nitatega mitego, mama. Nikimpata namkata kipande kidogo cha sikio, halafu namwachilia."

"Unamwachilia." Alilirudia neno hilo polepole, akarudi kwa ng'ombe wake. Lakini jioni nilimsikia akimwambia jirani kwamba mitego iliyo kwenye nepia, yale majani ya ng'ombe, ni ya serikali na mtu asiiguse. Haikuwa ya serikali, ila sikumsahihisha.

Mitego yenyewe ni visanduku vya bati vinavyojifunga panya akiingia. Nilivipanga kando ya kijito kinachotoka chini ya msitu na kupita kwenye nepia ya mama, kila kimoja na tonge la njugu za kusaga na unga wa shayiri. Asubuhi yake ukungu ulikuwa mzito, nepia imelowa, na mimi nimelowa mpaka kiunoni. Visanduku vya kwanza vilikuwa wazi. Kimoja kilikuwa na konokono. Kile kilichokuwa karibu kabisa na maji kilikuwa kimejifunga, na nilipokiinua niliusikia uzito mdogo ukihama kutoka upande mmoja hadi mwingine.

Nilimmimina kwenye mfuko wa kitambaa, nikamshika shingoni kama daktari alivyonifunza. Tumbo lilikuwa la kijivu hafifu, masikio makubwa, ya mviringo, membamba kiasi kwamba ningeweza kuona mishipa yake. Moyo wake ulikuwa unapiga kwenye vidole vyangu kwa kasi ambayo huwezi kuihesabu. Wangu nao haukuwa mbali.

Mama alikuwa amesimama nyuma yangu na kanga kichwani. Sikuwa nimemsikia akija.

"Huyu si wa ghalani," alisema.

"Umejuaje?"

"Wa ghalani ananuka. Huyu hanuki." Kisha akaongeza, "Lakini pengine ni ukungu."

Nilikata kipande cha sikio kisichozidi kichwa cha kiberiti, nikakitia kwenye kichupa cha spiriti, nikamwachilia pale pale. Alikaa kidogo kwenye tope kana kwamba anafikiria, halafu nepia ikamficha.

Mimi na daktari tulitega pia ndani ya msitu wenyewe na katika ule wa kilima cha pili, tukatega Marungu kule tambarare, kwenye nyasi kavu na vichaka vya miiba, ili tuwe na panya wa kuwalinganisha. Vichupa vilipotosha, niliviweka kwenye kisanduku cha barafu na kuteremka navyo Voi.

Anayetoka Wusi asubuhi hufika Voi akiwa amebeba sweta mkononi. Maabara yetu ilikuwa chumba kimoja tulichokodishiwa na chuo kimoja cha pale, chenye madirisha mekundu kwa vumbi na feni iliyozungusha joto tu. Ndani yake nilimkuta fundi wa maabara, mzee wa familia ya Kiislamu ya pale Voi, aliyevaa koti jeupe lililopigwa pasi mpaka mikono. Nilimwita mzee wangu, naye akaniita binti tangu salamu ya kwanza.

Kazi, ukiieleza, ni nyepesi. Unakatakata kile kipande cha sikio, unakiacha mpaka spiriti ikauke, unakitia kwenye maji yenye sabuni maalumu na kimeng'enya kinachokula nyama. Unakiweka mahali pa joto, saa baada ya saa, hadi nyama yote iyeyuke na DNA ibaki huru ndani ya maji. Baadaye unatia chumvi, unazungusha kwenye mashine ili uchafu ushuke chini, unachukua maji safi ya juu na kuyatilia alkoholi baridi. DNA haipendi alkoholi. Inajikusanya na kujitokeza.

Hayo yote nilikuwa nimeyasoma. Kuyafanya kwa mkono wangu, na sikio la panya wa kijito cha nyumbani, lilikuwa jambo jingine kabisa. Nilipoingiza vichupa kwenye beseni la maji moto la stima, nilivitazama kama mtu anayetazama mayai chini ya kuku.

Kabla ya nyama kuanza hata kulainika, stima ikapotea.

Feni ilipunga mara chache ikasimama. Taa ya beseni ikazimika. Mzee alitoka nje, akaongea na mlinzi, akarudi akitikisa kichwa.

"Mji mzima," alisema. "Wasema huenda ikarudi jioni. Na jenereta ya chuo yangoja spea."

"Na vichupa?"

"Maji yakipoa, kimeng'enya chalala. Twaweza kuanza upya siku nyingine, kwa vile vipande vilivyobaki."

Vipande vilivyobaki ndivyo vilivyonitia hofu, kwa kuwa kwa yule wa kijito hakikubaki hata kimoja. Sikio lake lote nililokuwa nalo lilikuwa ndani ya kichupa kile. Nje kulikuwa na joto la kuyeyusha lami, lakini hata jua la Voi halikutosha. Tulihitaji maji ya kuunguza kidole bila kukiivisha, na yabaki hivyo hivyo.

Nikawaza chai. Mama wa kantini ya chuo hupika kwa makaa tangu alfajiri, anaijaza kwenye thamosi kubwa, na saa nane mchana ukimiminiwa bado unaungua ulimi. Nilitoka mbio uani, koti la maabara likipepea.

"Mama, niazime thamosi. Zote ulizonazo."

"Zina chai."

"Zile tupu. Na maji moto."

Alinitazama, akatazama glavu zangu. "Ni za kuweka nini?"

Nilimwambia ukweli, kwamba ni za kuweka vipande vya masikio ya panya, lakini ndani ya vichupa vilivyofungwa, na maji hayatagusa kitu. Alicheka hadi akaketi kwenye kreti ya soda. Kisha akanipa mbili za zamani zilizopasuka vifuniko. "Hizo usinirudishie," alisema.

Mzee alishika kipimajoto, mimi nikachanganya maji ya moto na ya mfereji mpaka akasema basi. Tulivifunga vichupa kwenye mfuko wa plastiki, tukavizamisha, tukafunika kwa taulo. Mchana ule wote nilikuwa mtu wa kwenda jikoni na kurudi. Maji yakianza kupungua joto mzee anasema, "Ongeza, binti," nami naongeza. Kila nilipofungua kutazama, nyama ilikuwa imepungua, na mara ya mwisho nilipokiinua kile cha kijito kwenye dirisha, maji yalikuwa yameng'aa na hakukuwa na sikio tena.

"Limeliwa," nilisema.

"Alhamdulillahi," akajibu mzee. Muda mfupi baadaye feni ikaanza kuzunguka yenyewe, na sote wawili tukaitazama bila shukrani.

Tukatia chumvi, tukazungusha. Nilipofika kwenye alkoholi mzee akaniambia niegemeze kiwiko mezani. Nilimimina polepole kandokando ya kichupa. Nikakifunga, nikakipindua taratibu, mara moja, tena na tena. Mwanzo hakukuwa na kitu. Halafu ndani ya maji yale maangavu kikatokea kitu kama moshi, na moshi ukajikunja, ukawa uzi mwembamba mweupe, mfupi kuliko ukope, ukielea.

Nilikaa chini. Nilikuwa nimelijua neno DNA tangu sekondari, nimelijibia mitihani, nimelichora kama ngazi iliyopindwa, na sikuwahi kufikiri kwamba siku moja nitalishika mkononi, limetoka kwenye nepia ya mama.

"Usiutikise," mzee alisema kwa sauti ya chini, kama kuna mtoto amelala. "Ni kama udevu wa hindi. Wakatika."

Siku iliyofuata tulipitisha matone machache kwenye jeli yenye umeme, ili tuone kama DNA ni nzima, tukazima taa na kuwasha ile ya samawati. Alama zikawaka kijani, moja kwa kila panya, safi, zimejipanga. Mzee alipiga picha kwa simu yake akaituma kwa mkewe. Mkewe alijibu akiuliza kama hizo ni taa za harusi.

Sampuli zilikwenda Nairobi kusomwa, na kungoja kukawa kazi nyingine. Nilirudi Wusi kuvuna kabichi. Nilikuwa shambani, mikono imejaa tope, daktari aliponipigia.

"Umeketi?" aliuliza.

"Nimesimama kwenye tuta."

"Yule wa kijito ni wa msituni. Tena si wa msitu ulio juu yenu. Amekaribiana zaidi na wale wa kilima cha pili."

Nilimwomba arudie, akarudia. Maana yake ilikuwa kwamba panya yule, au mama yake, au bibi yake, aliwahi kutoka kwenye msitu wa ng'ambo na kuvuka mashamba ya watu, chini ya miguu yetu, akifuata majani ya kando ya maji, bila mtu yeyote kujua. Daktari alikuwa anaongea haraka kuliko nilivyowahi kumsikia. Alisema mmoja hatoshi, lazima tutege kijito chote mpaka bondeni, na je, naweza kuanza wiki ile?

Nilikimbia hadi nyumbani na kumweleza mama jikoni. Alisikiliza mpaka mwisho huku akimenya vitunguu.

"Na huo uzi," alisema, "mimi naweza kuuona?"

Wa panya ulikuwa Nairobi. Lakini kitunguu nacho kina wake. Nilichukua kimoja mkononi mwake, nikakiponda kwenye kinu, nikatia chumvi na sabuni ya vyombo kidogo, nikachuja kwa kitambaa cha chai ndani ya glasi. Spiriti niliyokuwa nayo ilikuwa imekaa nje kwenye baridi ya Wusi tangu asubuhi. Nikaimimina juu taratibu. Tulisubiri. Pale spiriti ilipokutana na maji ya kitunguu, utando mweupe ukaanza kupanda, mwingi kuliko nilioupata Voi.

Mama aliibeba glasi mpaka mlangoni, akaiinua kwenye mwanga. Aliishika hivyo muda mrefu, akiigeuza kidogo kidogo. Kisha akamwita jirani, na nilipokuwa nafungasha mitego kwenye gunia niliwasikia wote wawili, mama akimwambia mwenzake asiitikise.