Bakuli la Mwenyekiti

Sifa na shukrani ni zake Mungu aliyeniamsha leo, akanipa macho ya kuiona karatasi hii na mkono usiotetemeka sana. Namshukuru kwa chumba changu hapa Kabiro, Kawangware, kwa meko yangu ya gesi, kwa watoto niliowalea wakaenda zao. Namshukuru hata kwa mama aliyenivunjia heshima. Shukrani hiyo ya mwisho ilinichukua zaidi ya mwaka kuitamka, na bado siitamki kwa sauti.

Nimekuwa mpishi maisha yangu yote. Nilikuja Nairobi kutoka Magharibi nikiwa msichana, nikafanya kazi katika majiko ya watu wengine mpaka magoti yakakataa. Miaka saba ya mwisho nilimpikia mama mmoja kutoka Thailand aliyeishi Lavington, mwendo wa miguu kutoka kwangu. Huyo ndiye aliyenifundisha supu ya nyama ya ng'ombe yenye tambi za mchele. Hakuwa na Kiswahili kingi. Alikuwa akionja, ananitazama, kisha anasema neno moja: "Bado." Tunakamua ndimu. "Bado." Tunaongeza sukari nguru. Siku aliposema "Sasa," nilienda nyuma ya nyumba nikamshukuru Mungu kama mtu aliyepita mtihani. Alipohama aliniachia sufuria yake kubwa na katoni ya tambi, na nikajua kuna kitu kimoja ninachokiweza ambacho hakuna mwingine Kawangware yote anakiweza.

Kundi letu la akina mama wa kanisa hukutana kila Jumamosi alasiri nyumbani kwa mmoja wetu. Wengine tunakaa Kawangware, wengine Kibera, na tuko wengi, kwa hivyo zamu huchukua zaidi ya mwaka kumaliza mzunguko. Mwenye nyumba hupika. Zamu yangu ilipofika mwaka juzi, nilitaka kuwapa dada zangu chakula ambacho hawajawahi kukila. Nikapika supu ile.

Mwenyekiti wetu anakaa Sarang'ombe, kule Kibera, na anauza mitumba. Ana sauti isiyohitaji kipaza sauti. Alichota tambi moja kwa uma, akaiinua juu mpaka kila mtu akaiona ikining'inia, nyeupe, ikidondosha maji.

"Dada zangu wapendwa," akasema, "tumekuja hapa kuombewa ama kupimwa choo? Hii ni minyoo."

Walicheka. Hata mimi nilitabasamu, kwa kuwa utani ni utani. Lakini baada ya hapo hakuna aliyeweka kijiko mdomoni. Mabakuli yote yalirudi yamejaa. Kila mama alinikumbatia mlangoni, akaenda nyumbani na njaa yake, na kabla ya ibada ya Jumapili kwisha jina langu lilikuwa Mama Minyoo.

Jina ningelivumilia. Nimeitwa mabaya zaidi na waajiri waliokuwa wakila chakula changu. Lakini mimi siimbi, sihubiri, na nikisimama kutoa ushuhuda nasahau nilichotaka kusema. Sadaka yangu kanisani ilikuwa jiko. Kukiwa na harusi au matanga, mimi ndiye niliyekuwa nikishika mwiko. Wali wa watu mia tatu ulikuwa ukitoka mikononi mwangu punje kwa punje, na huko ndiko nilikokuwa namtumikia Mungu.

Wiki mbili baada ya ile supu kulikuwa na matanga Silanga, hukohuko Kibera. Nilifika alfajiri, leso kiunoni, nikamkuta mwenyekiti amesimama kando ya moto.

"Mama, wewe pumzika na wageni," akasema.

"Mwiko wangu uko wapi?"

"Kwako sasa mwiko ni mwiko."

Akina mama waliokuwa wakimenya viazi waliangua kicheko mpaka mmoja akajikata kidole. Mwenyekiti hakucheka. Alimpa mwiko mama mwingine, akaangalia pembeni. Nilijifungua leso, nikaenda kuketi kwenye viti vya plastiki. Nyuma ya hema nilisikia harufu ya wali ukiungua, na sikuruhusiwa kwenda kuuokoa.

Basi nikaanza kuomba. Niseme ukweli kuhusu maombi hayo, maana Mungu aliyasikia yote na hakuna haja ya kumficha msomaji kilichofika kwake. Nilimwambia Mungu kwamba nimemsamehe yule mama, kisha nikamkumbusha alichonifanyia, neno kwa neno, asije akasahau. Niliomba mitumba yake inyeshewe. Halafu nikaona hiyo ni dhambi, nikaomba inyeshewe kidogo tu. Kwenye maandiko kuna mtu aliyeandaliwa meza huku watesi wake wakitazama. Nilisoma mahali hapo mpaka ukurasa ukalegea. Lakini mimi sikutaka mtesi wangu atazame. Mimi nilitaka ale.

Na njia ya kumlisha aliitengeneza mwenyewe. Miaka ya nyuma tulikwenda nyumbani kwa mjane mmoja wa kundi letu, mgeni mmoja akaombea chakula kwa maneno marefu na mazuri, kisha akakigusa kidogo na kukiacha. Mjane yule alilia. Mwenyekiti alikasirika, na alikuwa na haki ya kukasirika. Akaweka sheria ambayo tunaifuata hadi leo: anayeombea chakula ndiye anayeonja kwanza, na akionja amalize bakuli lake. Na anayemchagua wa kuomba ni mwenye nyumba.

Nilisubiri zamu yangu irudi. Nilihudhuria kila Jumamosi, nikala kwa kila mtu, nikasifu chapati zilizokuwa ngumu kama soli. Subira ni kipawa cha Mungu, lakini mtu anaweza kuitumia kwa kazi ambayo Mungu hakumtuma.

Wiki ya zamu yangu, siku ya Ijumaa, nilikwenda Silanga kwa mama mmoja muuza mboga ambaye shamba lake liko kando ya bwawa. Kwenye ukingo amepanda mchaichai ili udongo usiporomoke. Nilimwomba mabua manene ya chini, sio majani.

"Mama, majani ndiyo ya chai," akanielimisha.

"Sipiki chai."

Sokoni Kawangware nilimwomba muuza dania asikate mizizi, akanitazama kama mtu anayeomba taka. Yule mama wa Lavington alikuwa akiithamini kuliko majani. Niliponda mizizi hiyo pamoja na kitunguu saumu na pilipili manga. Nyama nilinunua ya mguu, yenye kano na mfupa, nikaichemsha taratibu tangu saa kumi na mbili asubuhi ya Jumamosi, nikiengua povu mpaka supu ikawa safi. Nikatia mdalasini, karafuu, tangawizi na mchaichai niliougonga kwa mchi. Ule mchuzi wa samaki wa chupa aliokuwa akiutumia ni wa matajiri. Mimi nilichemsha omena kwa chumvi nyingi, nikachuja maji yake, na nawaambia hakuna aliyewahi kujua tofauti.

Kisha nikakaanga pilipili ndogo kali, zile wanazoziita kichaa, kwenye kikaango kikavu. Moshi wake ulitoka mlangoni ukaenda ploti nzima. Watu walianza kukohoa chumba kwa chumba. Msichana wa chumba cha tatu, fundi wa nywele, alitoka na taulo puani.

"Shosho, niaje? Unapika ama unafukuza mashetani?"

"Nafukuza mmoja tu."

"Basi ameshaenda, hata sisi tumeenda!"

Pilipili hizo nilizisaga na mafuta. Supu ya wengine ilikuwa na ukali wa kawaida, wa kukuchangamsha tu. Lakini kulikuwa na bakuli moja la maua ya bluu, la mwenyekiti, nami nikaweka vijiko vitatu vya pilipili hiyo chini kabisa, nikafunika kwa tambi, nikafunika tambi kwa nyama, nikapamba kwa dania. Nilikuwa na utulivu ambao nimewahi kuupata kwenye meza ya Bwana tu, na hilo lilipaswa kunitisha.

Walikuja. Walipoona tambi walianza kutazamana. Mmoja alijibana mdomo.

"Mwenyekiti," nikasema, "tuombee chakula."

Alinitazama kidogo. Akasimama, akafumba macho, akaomba. Aliomba vizuri, hilo siwezi kumnyima. Aliombea jiko, akaombea mikono iliyopika. Mimi sikufumba macho. Nilikuwa nikilitazama bakuli lake.

Kijiko cha kwanza kilikuwa cha juu, kitamu. Nyusi zilipanda kwa mshangao. Cha nne kilifika chini. Alisimamisha kijiko hewani, uso ukabadilika kuanzia shingoni kwenda juu, na machozi yakaanza kutiririka bila ruhusa yake.

"Mwenyekiti, Roho ameshuka?" mama mmoja akamuuliza.

"Maji," akasema, akininyooshea mkono.

"Pole, mama, ndiyo nimeyateleka yachemke," nikajibu, na jagi la maji baridi lilikuwa nyuma yangu, chini ya kitambaa.

Alinitazama tena. Kisha akashika kijiko na kuendelea. Pua ilitiririka, jasho likalowanisha kitambaa chake cha kichwa, mkono wake wa kushoto ulishika goti kwa nguvu. Akina mama wote walimkodolea macho. Wote walimjua kwa mdomo wake, na sasa mdomo huo ulikuwa ukifanya kazi niliyoupa mimi. Wangu ulitaka kuimba. Alikula mpaka tambi ya mwisho, akanywa mchuzi uliobaki, akaweka bakuli mezani likagonga. Halafu akalisukuma kuelekea kwangu.

"Niongezee," akasema kwa sauti iliyokwaruza, "hiyo minyoo yako."

Walicheka mpaka kuta za mabati zikalia. Wakaanza kula, kila mmoja, na kelele za kuvuta tambi zilijaa chumbani. Nami nilisimama na lile bakuli la maua ya bluu mkononi, nisijue kama nimeshinda au nimeshindwa. Kopo la pilipili lilikuwa pale karibu na mkono wangu. Nilimpakulia supu safi, na jagi la maji nikalitoa.

Baadaye alinifuata nje, penye mfereji, nikisuuza vyombo.

"Uliniwekea," akasema.

"Nilikuwekea nini?"

"Usinifanye mtoto. Bakuli la pili halikuwa na moto ule."

"Nilikuwekea."

"Vijiko vingapi?"

"Vitatu."

Aliguna. "Nilijua uliponiita kuomba. Mwaka mzima hujaniita hata niketi."

"Sasa mbona ulikula?"

"Sheria ni yangu. Niivunje mbele ya wale?" Akapangusa pua kwa kiganja. "Na lile bakuli lilikuwa langu. Hata ungeweka sita lingekuwa langu."

Nilisubiri neno la kuomba radhi. Nilijifanya kusugua sufuria iliyokwisha kung'aa ili kumpa nafasi. Halikuja. Alitazama kamba ya nguo za majirani, akasema, "Jumamosi ijayo kuna harusi kwetu Sarang'ombe. Wali wetu siku hizi unaliwa kwa imani tu. Ufike mapema."

Ningemkubalia palepale. Moyo wangu uliruka kama wa msichana. Lakini nilikuwa bado na hamu, Mungu anisamehe.

"Siwezi kusikia vizuri hapa nje," nikasema. "Kaniambie ndani, mbele yao, kwa sauti ile ya siku ile."

Tulitazamana. Maji yalijaa kwenye beseni yakamwagika kwenye viatu vyake, na hakusogea. Kisha akageuka, akaingia ndani, nami nikamfuata nikiwa na mikono yenye povu.

"Dada zangu wapendwa!" akasema. "Kuanzia harusi hii, huyu mama anarudi jikoni, na hakuna wa kugusa sufuria kabla yake. Mimi ndiye nilimtoa na mimi ndiye ninamrudisha. Kama kuna mwenye swali, aulize na bakuli lake likiwa tupu."

Hakusema amekosa. Hakusema nisamehe. Nilipokea alichonipa, kwa kuwa nilijua gharama yake kwa mtu kama yeye, na kwa kuwa nami sikuwa nimesema samahani.

Tumeendelea hivyo. Ananiita kwa heshima mbele za watu, na tukiwa wawili tunazungumza bei ya mchele. Kwa vile vijiko vitatu nimetubu, na naamini nimesamehewa. Kwa yale maji niliyomnyima, bado. Kila nikipiga magoti kulitubia jambo hilo, namwona vile alivyonyoosha mkono kuomba, na kicheko kinanipanda kabla sijafika kwenye amina. Naamini Mungu ananisubiri. Amewasubiri wagumu kuliko mimi.

Nawe uliyesoma hadi hapa, Bwana akubariki uingiapo na utokapo. Akupe chakula kisichokwisha na watu wa kukila pamoja nawe. Aliyekuumiza, Mungu amguse moyo kabla hujamfikia wewe, na kama ni wewe uliyeumiza, akupe ujasiri wa kurudi. Amina.