Mke wangu alikuwa ananifukuza, halafu ananifuata shambani: nilivyokuja kuelewa push-pull

Wakuu, habari za mchana.

Hili jambo nimelikalia zaidi ya miaka ishirini na tano. Sitatia chumvi, lenyewe linatosha. Mke wangu nitamwita Sabina, siyo jina lake.

Katikati ya miaka ya tisini nilikuwa kijana wa Ifakara, mkulima wa mpunga, nimeoa binti wa Mbingu. Wakuu, yule mwanamke alikuwa anapenda. Jioni namkuta barabarani ananisubiri. Nikila, anakaa kunitazama tu. Washkaji walinitania kwamba nimelishwa kitu.

Miezi mitatu mbele, ikaanza.

Siku hiyo tumeshinda vizuri, tumecheka, jioni nikawa nafunga mzigo kwenye baiskeli nijiandae na shamba. Sabina akabadilika sura. Akasema mimi mwongo, sijawahi kumpenda, nitoke kwake nisirudi. Akafunga mlango kwa ndani.

Nyumba nimejenga mwenyewe, jamani.

Nikaondoka na hasira zangu mpaka shamba, upande wa Namawala. Kwa wasiojua, mpunga ukianza kubeba punje lazima mtu ahamie shambani kuamia ndege. Unajenga dungu, kile kibanda cha juu ya nguzo, unakaa humo wiki tatu, nne, kutwa unapiga kelele kuwafukuza.

Siku ya tatu namwona mtu anakuja juu ya tuta na ndoo kichwani. Sabina. Kaja kwa miguu umbali wote ule. Kwenye ndoo kuna wali na kambale wa kukaanga. Akanishika miguu analia, "Usiniache, mume wangu."

Nani angebaki na hasira hapo? Tukaishi siku kadhaa kama maharusi. Halafu nikafukuzwa tena.

Ikawa hivyo msimu hadi msimu. Nikisogea karibu, nasukumwa. Nikienda mbali, navutwa. Leo vijana mnaita push-pull. Sisi tulisema ana mashetani.

Mama yangu alisema wazi, "Mwanangu, mrudishe kwao kabla hajakumaliza."

Na mimi sikuwa malaika, niseme ukweli. Nikinuna, nanuna wiki nzima, simjibu hata salamu.

Halafu nikabuni njia yangu. Kwetu mtu haagi anapokwenda shamba. Shamba siyo safari. Unabeba jembe unaondoka, hata kama utakaa huko mwezi, watu watajua tu uko wapi. Basi mimi, kukwepa ugomvi, nikawa natoka alfajiri kimya kimya yeye bado amelala. Nilijiona nina akili sana.

Mambo yakawa mabaya mara mbili. Sasa ananifuata siku hiyo hiyo, akifika anatukana kwanza, analia baadaye.

Nikachoka. Nikamwambia funga vitu vyako, nakurudisha kwenu. Hakubisha hata neno moja. Tukapanda treni mpaka Mbingu, amekaa dirishani njia nzima.

Baba mkwe akanipokea vizuri. Shikamoo, marahaba, nikapewa kiti. Nikamweleza yote. Akasikiliza mpaka mwisho, akauliza kitu kimoja tu.

"Ulikuwa unamuaga?"

"Hapana baba. Nilikuwa nakwenda shamba tu."

Mzee akainama kidogo. Akasema, "Mama yake naye alikwenda shamba tu."

Sabina alikuwa na miaka minne. Mama yake alibeba kikapu asubuhi kama anakwenda kuamia, akapanda treni na mwanaume mwingine, basi. Mtoto akakaa mlangoni kila jioni mpaka watu wakamaliza kuvuna. Hakuna aliyemwambia kitu, kwa sababu hakuna aliyejua la kumwambia.

Nilikuwa sijawahi kuambiwa.

Sabina alikuwa kasimama nyuma yetu. Akasema taratibu, "Nikikuona unafunga mzigo, kwangu umeshaondoka. Bora nikufukuze mimi."

Wakuu, miaka yote nilidhani ananichukia siku moja na kunipenda siku ya pili. Kumbe ni kitu kimoja. Mapenzi yakizidi ndipo hofu inapopanda, na hofu ndiyo inayonisukuma.

Nilirudi naye Ifakara. Mama yangu alinuna mwezi mzima.

Tukakubaliana nitakuwa namuaga, kwa sauti, hata nikienda shamba, na namtajia siku ya kurudi. Watu walinicheka. Mwanaume anamuaga mke kwenda kufukuza ndege!

Msimu wa mvua za Elinino nikamwambia, "Narudi Jumamosi." Jumamosi yenyewe maji yamefunika njia. Nikabeba baiskeli begani, maji kiunoni, natembea nasema leo ndoa imekwisha.

Nimefika giza linaingia. Nguo zangu zote zimetupwa nje uwanjani, mvua inanyesha.

Nikasogea karibu. Juu ya nguo kulikuwa na turubai. Na chini ya turubai, amezikumbatia zisilowe, Sabina.

Ananitupa na ananikinga, mtu huyo huyo, jioni hiyo hiyo. Mpaka leo sijaona kitu kilichonishangaza kuliko kile.

Akasema, "Umechelewa."

Nikamwambia, "Jumamosi haijaisha."

Miaka mingi baadaye daktari wa akili ndiye aliyetupa jina la hali hiyo, borderline personality disorder, yaani hofu kubwa ya kuachwa inayoyumbisha hisia, na matibabu ya mazungumzo yakamsaidia sana. Siyo wote wana historia kama yake, msije mkaanza kupima wake zenu humu. Na kama mtu anakupiga au anakutishia maisha, toka kwanza, mengine baadaye.

Mimi nilichojifunza ni kidogo. Kumuaga hakukumponya. Kulimpa kitu cha kushika wakati sipo, na siku niliyotaja ilibidi nifike kweli.

Waliopitia hali hii, toka upande wowote, karibuni mseme. Hasa ninyi mnaosukuma, nataka kusikia inakuwaje kwa ndani.

Uzi huu nimemsomea kabla ya kuuweka. Akasema, "Futa, unanidhalilisha." Nikafuta.

Nimekaa kama nusu saa, akatokea mlangoni. "Sasa mbona umefuta?"