Vifo vya Muroga Tsunekichi

Muroga Tsunekichi alikuwa akifa mara tatu kwa siku, na siku za filamu kubwa hata mara tano. Najua, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nikimvalisha nywele za bandia pale studio, Kyoto. Akichomwa upanga asubuhi akiwa jambazi, namvua nywele, namvika za askari, anarudi kuuawa tena kabla ya chakula cha mchana. Kazi yake ilikuwa kumfanya nyota aonekane hodari. Kwa miaka ishirini na miwili hakuwahi kutamka neno mbele ya kamera, ukiacha mayowe.

Lakini kufa alikuwa bingwa. Upanga ukipita tu mbele ya kifua chake, mgongo unapinda, macho yanageuka, anaanguka chali pembeni. Pembeni, maana kumwangukia nyota njiani ni kukosa adabu. Wenzake walimtania, "Muroga, siku ukifa kweli nani atakuamini?"

Mwaka 1963 akapewa sentensi. Moja tu. Nyota, Bwana Hanabusa, angemfyeka kwa upanga, yeye akwepe, asimame, aseme. Na jina lake lingeandikwa mwanzoni mwa filamu. Mkewe, Fusae, alitangaza mtaa mzima, hadi muuza tofu akajua. Muroga alifanya mazoezi mbele ya kioo changu mpaka nikaichukia sentensi yenyewe.

Kamera ikaanza. Hanabusa akafyeka hewa. Muroga akafa.

"Mzee, mbona sijakugusa!" Hanabusa akacheka.

Muroga akainuka, akamwinamia kila mtu, hata mshika taa. "Samahani sana. Mwili umenitangulia."

Wakarudia. Akafa tena. Mara ya tatu alikaza magoti. Upanga ukaja, akaenda chini.

Mwongozaji akakuna kichwa. "Muroga, nisikilize. Kifo chako kinaishinda sentensi yangu, kwa hiyo nakiacha kibaki kwenye filamu. Yasuda, wewe njoo usimame hapa, useme."

Yasuda alikuwa mwenzake, mfaji kama yeye. Muroga akampisha. Mimi nilitaka kulia, nami si mtu wa kulia kazini.

Jioni nilimsindikiza kwake. Fusae alikuwa amepika wali wa maharagwe mekundu, ule wa sherehe. Akamtazama mumewe usoni.

"Vipi, baba Michi?"

"Nimekufa."

"Kabla ya kusema au baada?"

"Kabla."

Fusae akapakua wali vilevile, mabakuli matatu, akaketi mbele yake.

"Haya, iseme hapa basi. Mimi nitaisikia."

Muroga akatikisa kichwa. "Siwezi, mama Michi. Sasa ni ya Yasuda." Akachukua vijiti vyake. "Na ameisema vizuri."