Mikono Iliyopiga Makumbi

Enzi zetu Unguja, kwenda sinema mjini kulikaribia kuwa Idi. Palikuwa na onyesho la wanawake peke yao, alasiri, na mabuibui yalijaa hadi ngazini. Picha zilitoka Bara Hindi: majumba ya marumaru, mabibi wanaolia wala wanja hauwatoki. Hatukuelewa hata neno, na bado tulilia nao. Vijana wa leo huona picha kumi kwa siku, macho makavu.

Mama yangu alikuwa mpiga makumbi. Makumbi ya nazi yalifukiwa katika matope ya pwani kwa miezi, yakaoza, kisha wanawake wakayafukua na kuyaponda kwa magongo hadi zikabaki nyuzi za kusokotea kamba. Uvundo wake hauoshwi. Siku aliponipeleka sinema, Mama alioga mara mbili, akajifukiza udi. Tulipokwisha kaa, msichana mmoja wa mjini akauliza kwa sauti, "Jamani, nani katuletea matope humu?" Ukumbi ukacheka. Nami nikacheka, nikainuka, nikamwacha Mama, nikahamia safu ya mbele.

Mjukuu wangu Salma, anayeniandikia kwa kuwa mimi sikutiwa skuli, amesita hapa. Nimemwamuru aandike.

Njiani Mama aliniuliza tu, "Umeiona vizuri picha?" Tangu siku hiyo alinifikisha mlangoni mwa sinema tu, akanisubiri nje juani. Alipofariki nilikuwa huku London. Habari ilinifikia amekwisha zikwa. Sikuwahi kumtaka radhi.

Jirani yetu hapa Woolwich ni muuguzi kutoka Kerala, kusini mwa Bara Hindi. Jumapili iliyopita alitualika kwake, akatuwekea picha ya kwao, ya Kimalayalam. Hapakuwa na marumaru. Palikuwa na mvua, minazi, ndugu wanaogombea mirathi jikoni, na kikongwe anayeponda makumbi. Mikono yake ilikaa kwenye kioo cha televisheni muda mrefu, pasipo wimbo.

"Bibi, hapa hakuna kitu," akasema Salma. "Niipeleke mbele?"

"Thubutu! Nitakuvunja vidole."

Jirani akacheka. Akasema, na Salma akanifasiria, kwamba mama yake naye alifanya kazi ile, na kwamba kwao watu huingia sinema wakitaka kuyaona maisha yao wenyewe, hata yanayoumiza.

Enzi zetu tulikwenda kuwatazama wasiofanana nasi, mama zetu tukawaacha mlangoni. Niliinuka, nikavuta kiti hadi mbele ya televisheni, karibu kabisa na mikono ile.

Kioo hakina harufu yoyote.