Marehemu Hakuwa na Jina

Nilianza kuigiza nikiwa darasa la tatu, hapa hapa Ujiji, na kazi yangu ya kwanza kwenye televisheni ilikuwa kulia. Kikundi kimoja cha maigizo kilikuja kupiga tamthilia mtaani kwetu, wakatafuta mtoto anayeweza kutoa machozi bila kufinywa, nikapatikana mimi. Nikaambiwa niseme, "Mama yangu amekufa," kisha nilie. Nikasema, nikalia, watu wazima wakanipigia makofi. Mama yangu mzazi, mzima wa afya, alikuwa amesimama pembeni akimwomba Mungu msamaha kwa sauti ya chini.

Kipindi kiliporushwa, watoto wa shule wakanipachika jina la Yatima. Mimi nilicheka, kwa sababu nilikuwa nimeshaonja umaarufu. Mama hakucheka. Kwake ule ulikuwa uchuro, kuita msiba kwa mdomo wangu mwenyewe, na tangu hapo hakuangalia igizo lolote nililokuwamo. Nilipokua nikaacha kuigiza, nikaingia kwenye utayarishaji: kutafuta nyumba za kupigia picha, kubembeleza wenye nyumba, kugombana na jenereta. Nilidhani nikikaa nyuma ya kamera atatulia. Wapi. Ananiuliza kama nimekula na nimelala wapi, lakini kazi yenyewe haiulizii. Iliniuma, na bado inaniuma nikiikumbuka. Watu nisiowajua walikuwa wakinisimamisha sokoni Kibirizi, mikono inanuka dagaa, wanisimulie tamthilia zangu mwenyewe, wakati mama akizima televisheni zinapoanza. Sifa za watu nilikuwa nazo za kutosha. Nilichotaka ni yeye aangalie, hata mara moja.

Kiangazi kilichopita tulirudi Ujiji kupiga tamthilia mpya, na moyo wa hadithi nzima ulikuwa msiba. Tuliomba wanawake wa mtaani waje kuwa waombolezaji. Wakaja na kanga zao, wakaja na mikeka yao, na mmoja akaja na sufuria kubwa kichwani kwa sababu, alisema, hajawahi kuona matanga yasiyo na chakula. Ikabidi tupike wali na samaki wa ziwani, migebuka, ambavyo havikuwamo kwenye mpango wa mtu yeyote. Baada ya kula wakaketi chumbani, wakajifunika vizuri. Muongozaji wetu, kijana niliyekuja naye kutoka Dar es Salaam, akawaambia waanze kulia. Hakulia mtu.

"Marehemu nani?" akauliza yule mwenye sufuria.

Muongozaji akataja jina lililoandikwa kwenye mswada. Mwanamke mmoja mjamzito akainuka mkekani, akakusanya kanga yake, akatoka nje bila kuaga. Lilikuwa jina lake. Tukabadilisha. Jina la pili lilikuwa la wifi wa mtu, na huyo wifi alikuwa amelazwa hospitali, kwa hiyo hata kulitamka mara mbili walitukataza. Ujiji kila jina lina mwenyewe, na mwenyewe ama yumo chumbani ama yuko nyumba ya pili anasikia.

"Maza, hili ni igizo tu," muongozaji akabembeleza. "Lieni hivyo hivyo, bila jina."

"Tumlilie nani sasa, mwanangu? Mkeka?"

Wakaangua kicheko, na kicheko kile ndicho kilichonitisha, maana mwanga wa dirishani ulikuwa unaondoka na nyumba tulipewa kwa siku hiyo tu. Nikaanza kupanga kichwani nitakavyowaeleza wakubwa wangu kwamba tamthilia ya msiba imekosa msiba.

Nilipogeuka nikamwona mama mlangoni. Alikuwa amekuja kwa bodaboda kutoka Bangwe, anakoishi siku hizi, kuniletea chakula, kwa vile haamini kwamba watu wa televisheni wanakula. Sijui alikuwa amesimama pale tangu lini. Akaniwekea bakuli mkononi, akavua kandambili, akaenda kuketi katikati ya mkeka. Kisha akataja jina lake, lake na la baba yake.

"Mlilieni huyo," akasema. "Mwenyewe nimeridhia."

Nikamfuata, nikachuchumaa, nikamwambia, "Mama, usifanye hivyo, tutatafuta njia nyingine." Mimi niliyecheka habari za uchuro miaka yote hiyo ndiye niliyekuwa nikimvuta mkono ainuke.

"Ulishaniua ukiwa mdogo na bado nipo," akasema. "Nenda kwenye kazi yako."

Nikaenda. Wakalia. Walimwita kwa jina, wakamwita dada, wakamwita shoga, wakataja mawese aliyokuwa akiwagawia na ugomvi wake aliokuwa akiusahau kesho yake. Mama alikaa katikati yao, kanga imefunika uso, akiitikia dua ya kumwombea yeye mwenyewe. Mimi nilikuwa nimeinamia kioo cha kuangalizia picha, natazama kama kamera imetulia, kama sauti inaingia, kama kuna anayechungulia lenzi. Muongozaji alisahau kusema "kata" ili kamera isimame. Nikasema mimi.

Siku ya kurushwa nilikwenda kukaa naye Bangwe. Hakuzima. Aliongeza sauti, akasogeza kiti, na onyesho la msiba lilipofika akaanza kuwakagua mmoja mmoja.

"Huyu hajatoa chozi hata moja," akasema. "Anajifunika kanga tu. Na migebuka alikula yeye kuliko wote."

Nilicheka, na furaha yangu haikuwa ndogo, kwa sababu alikuwa akiangalia kazi yangu na alikuwa akiiangalia kwa makini. Kipindi kilipokwisha akapunguza sauti.

"Wote nimewaona," akasema. "Wewe sikukuona."

"Mimi nilikuwa nyuma ya kamera, mama."

"Najua ulipokuwa. Nauliza kama ulilia."

Nikamwambia mwanga ulikuwa unaisha, ilibidi tuwahi.