Sufuria Iliyorudishwa Getini

Tarehe kumi na moja ya mwezi wa tatu nilimpoteza mume wangu. Moyo ndio uliomshinda. Alikuwa hakimu hapa Goma. Kwenye misa walisema mengi juu ya kazi yake, na yote yalikuwa mazuri, lakini hakuna aliyesema ilikuwaje kukaa naye nyumba moja. Hilo ndilo ninaloweza kuandika.

Mimi niliishia darasa la pili la sekondari, Butembo. Yeye alisoma sheria Kisangani. Sikuelewa makaratasi yake, ila yeye mwenyewe nilimwelewa. Kesi ikiwa nyepesi alimaliza chakula. Ikiwa nzito, aliacha nyama kwenye sahani na kukaa akitazama ukuta. Nilijua wiki ya hukumu kwa mabaki niliyoondoa mezani. Sikumuuliza nani ana haki, na yeye hakuniambia.

Alikuwa na sheria moja ya nyumbani: hatupokei kitu kwa mtu ambaye siku moja anaweza kusimama mbele yake. Kindu, alikotumwa kwanza, sheria hiyo haikuniumiza, maana tulikuwa wageni. Lakini Goma tulijenga, Keshero, tukapata majirani.

"Ni nani huyo ambaye hawezi kuwa na kesi?" nilimuuliza siku moja, baada ya kurudisha kabichi za mama mmoja wa Kibumba.

"Ndiyo shida," akasema, akaendelea kusoma.

Kwenye kilio cha mtu alifika, akashika wafiwa mkono, akaondoka kabla ya chakula. Mimi nilibaki. Nilimenya ndizi, nikaosha masufuria pamoja na wamama wengine. Nilifikiri ninalipia sisi wawili.

Ng'ambo ya barabara kuna familia iliyotoka Masisi, watu wa ng'ombe. Mzee wao alikuwa na kesi ya kiwanja huko Munigi, na faili likaangukia kwa mume wangu. Aliposoma jina la jirani yake, akajitoa, kesi ikapewa hakimu mwingine. Mzee yule akashindwa. Jioni alikuja getini kwetu, hakutaka kuingia. Mtaani walimwita mume wangu Papa juge, yaani baba hakimu, kwa Kifaransa.

"Papa juge, ungebaki tu kwenye kiti chako."

"Ningebaki, ungeshinda kwa sababu tunaonana kila asubuhi."

"Basi ningeshinda."

"Na yule mwingine, anaonana na nani?"

"Sijui. Mimi najua uliniacha."

Niliwasikia nikiwa jikoni. Nitasema ukweli: siku ile niliona jirani ana haki. Leo sina hakika. Tangu hapo yule mzee alimsalimia mume wangu kwa kichwa tu, bila mdomo.

Mji ulipoingia mikononi mwa wengine, wenye bunduki, mahakama ilifungwa, mume wangu akabaki nyumbani. Alikata majani ya ua na kusoma vitabu alivyokwisha kuvisoma. Sheria yake hakuiacha. Mke wa yule mzee, ambaye mimi na yeye hatukuwahi kununiana, alimtania kutoka barabarani:

"Papa juge, mahakama imefungwa. Hata chai yangu unaiogopa?"

"Mama, kesi zimelala tu. Hazijakufa."

"Basi tutaona nani atatangulia, kesi ao wewe."

Tulicheka wote watatu. Chai hakuinywa.

Alipokufa tulifunga turubai uani na kukodisha viti. Walikuja mahakimu waliobaki mjini, na watu wa parokia. Ndugu wa Butembo wengi hawakuweza kufika. Mimi nilikuwa chumbani, juu ya godoro chini, kama mjane anavyopaswa kukaa. Nilisikiliza. Kwenye vilio vya wengine huwa kuna kelele za masufuria na wamama wakigombania kisu. Kwangu kulikuwa na viti na watu waliokohoa kwa adabu. Majirani walisimama kwenye mageti yao. Hawakujua kama wanaruhusiwa kuingia, na ni sisi tuliowafundisha hivyo. Niliogopa kwamba watu wa suti watamzika, watapanda magari yao, na mimi nitabaki kwenye barabara hii kama mpangaji aliyefika jana.

Siku ya tatu, mchana, wifi yangu aliingia akaniinamia sikioni. Mama wa ng'ambo alikuwa ameleta sufuria ya maharagwe na ndizi, na mwanangu alimshukuru getini na kumwambia hatupokei.

Nilimwita mwanangu. Ni mtu mzima, ana watoto wake.

"Mama, ni watu wa ile kesi. Papa angekataa."

"Papa yako ndiye alikuwa juge. Mimi hakuna aliyeniteua."

Kuhusu baba yake hakukosea. Nikasimama. Mjane haachi godoro kabla ya maziko, na wifi alinishika kitenge.

"Unaenda wapi? Watu wataongea."

"Afadhali waje waongelee hapa ndani."

Nilivuka barabara peku. Mama yule alikuwa ameketi uani kwake, sufuria mbele yake, bado imefunikwa.

"Mama juge. Umekuja kunisomea hukumu?"

"Nimekuja kuomba chakula changu."

"Kilirudishwa. Tena mutoto wako alinirudisha kwa Kifaransa, maneno mazuri kabisa. Kabla sijaelewa, nilikuwa tayari barabarani."

Binti mmoja nyuma yake alicheka, akajiziba mdomo.

"Ni mutoto wa baba yake," nikasema.

"Na wewe?"

"Mimi nina njaa."

Ilikuwa kweli. Tangu nilipokuwa naye hospitali sikuwa nimekula chakula cha kuita chakula. Alinitazama miguu, kisha uso.

"Muzee wangu hatakuja, nisikudanganye. Bado anasema mume wako alimuacha."

"Sikuja kwa ajili yake."

"Na marehemu, angekubali hii?"

"Hapana. Angeikataa. Mimi ndiye ninaiomba."

Akavuta pumzi, akakaza kitenge chake kiunoni.

"Basi shika upande ule. Ni nzito."

Tulivuka tukiibeba wawili, kila mmoja na mkono wake wa sufuria. Kwenye geti la pili mama mmoja aliuliza kama tuna makaa. Nikasema hayatoshi. Aliingia ndani akatoka na mfuko. Mwingine akaja na kisu na mtoto mgongoni. Mwanangu alikuwa bado amesimama getini. Alisogea tukapita.

Wifi alinirudisha kwenye godoro. Kutoka pale nilimsikia mama wa ng'ambo akifunua sufuria, akionja, akisema imepoa, na akiuliza kwa sauti kubwa ni nani katika nyumba hii ya wasomi anayejua kuwasha moto.