Asali ya Tende na Chapati Yangu

Mama niliyekuwa nikimtunza alizaliwa Baghdad, akazeekea Sydney, na hakuna kitu alichokishikilia kama asali ya tende ya Pasaka yao ya Kiyahudi. Mwaka huo mikono ilikuwa imeanza kumtetemeka. Binti yake akamwambia basi wanunue ya dukani. Mama akajibu kwamba ikija ya dukani, yeye mezani hakai, anakwenda kulala. Na alikuwa hatanii. Binti alinifuata mlangoni machozi yanamlengalenga, akaniomba nimsaidie mama yake kuipika.

Mimi mtu wa Mombasa, kukamua ndiko nilikokulia. Tulichemsha tende mpaka zikavurugika, nikazimimina kwenye kitambaa, nikakamua vile ninavyokamua tui, Mama ananisimamia kutoka kwenye kiti chake kando ya jiko. "Bado," ananiambia. Nakamua tena. "Bado, binti, unazibembeleza." Mtu kazeeka vile na hasikii huruma! Yale maji ya kahawia tukayabandika kwenye moto mdogo yapungue hadi yawe mazito. Machicha nikayaweka kwenye bakuli, maana kwetu machicha hayatupwi hivi hivi.

Sasa njaa. Nilikuwa nimetoka kwangu Minto alfajiri na sijatia kitu mdomoni. Binti alishanionya kwamba siku hiyo mkate wenye hamira hauingii jikoni, nikajiambia chapati haina hamira. Nikatoa yangu kwenye mkoba, nikamega, nikachovya kwenye machicha. Tamu ajabu. Nikamega tena.

Mama akauliza ninakula nini. Nikamweleza bila wasiwasi, nikaongeza kwamba hamira hamna hata chembe. Akafumba macho. Akasema si hamira peke yake. Unga wa ngano ukishalowa maji ukaachwa kidogo tu, umeshaharibika kwa sikukuu. Nami unga wangu naulaza usiku kucha ili chapati ziwe laini. Niliiona meza yao jioni ile, watoto na wajukuu wamekaa, Mama amejifungia chumbani, na sababu ni tumbo langu.

"Umechovya wapi?" akauliza.

Nikamwonyesha bakuli la machicha.

"Sufuria hukuigusa?"

Sikuigusa. Mwiko alikuwa ameushika yeye tangu tubandike, kwa sababu kukoroga hakuniamini hata kidogo.

Akasema basi asali imepona. Akaniamuru bakuli na vilivyomo vitoke nje, chapati nayo itoke, ninawe mpaka viwikoni, nifute meza yote na sakafu. Nilifuta mpaka bega likauma, huku nacheka peke yangu kama mwehu. Sijawahi kufurahia kupiga deki namna ile. Nikamshukuru Mungu, wangu na wake.

Asali ilikubali alasiri, nyeusi, inavutika kwenye kijiko. Binti aliporudi kutoka kazini alionja, akamwangalia mama yake, akaonja tena. Mama akaniita chumbani nimtolee gauni lake la buluu.

Nilikuwa namfunga vifungo alipojitazama kwenye kioo, akarekebisha kola, akaniambia, "Mwakani chapati zako utazilia barazani."

"Sawa, Mama," nikamjibu, nikamshika mkono, tukaenda mezani.